Kanisa Letu la Nyuma ya Ua

Mwezi uliopita nilikuwa darasani nikifundisha somo ninalolipenda kuliko yote, lile la mchezo na ibada, na jinsi binadamu alivyojenga nusu ya maisha yake kwa kukubali kujifanya. Nje ya dirisha mtunza bustani alikuwa akipunguza ua wa miti ya saiprasi kwa panga. Harufu ya matawi mabichi ikaingia, nami nikasahau nilikuwa nimefika wapi. Wanafunzi walinisubiri kwa heshima, wengine wakachungulia simu. Nikajifanya ninatafuta karatasi, kisha nikaendelea kutoka mahali ambapo hata sikuwa nimefika.

Nilichokuwa nikieleza si kigumu. Wasomi wa elimu ya jamii wanatuambia kwamba mchezo una mpaka wake. Ukiingia ndani, kipande cha mti ni bunduki, jiwe ni mtoto, na sheria za ndani ni za kweli kuliko za nje. Wanasema pia kwamba mahakama, harusi, kanisa na mazishi vina mpaka wa namna hiyo hiyo, ila watu wazima hawapendi kuambiwa. Halafu kuna wakosaji wa aina mbili. Wa kwanza ni mlaghai, anayevunja sheria kisiri lakini akiendelea kuonyesha kwamba anazifuata. Wa pili ni mvunja mchezo, yule anayesimama katikati na kusema kwamba hiki ni kipande cha mti tu. Mlaghai husamehewa mapema. Mvunja mchezo hufukuzwa.

Kila mwaka mwanafunzi mmoja huomba mfano, nami kila mwaka humpa mfano wa mpira wa miguu. Ninao mfano ulio bora zaidi. Ninao tangu nikiwa darasa la nne, na sijawahi kuutoa, kwa sababu mvunja mchezo ni mimi na ninaona aibu. Nyinyi wa rika langu mliokulia kwenye chai labda mtanielewa upesi, kwa hiyo ninautoa kwenu.

Tuliishi katika laini, zile safu za nyumba za wafanyakazi, za shamba moja kubwa la chai upande wa Kericho. Baba alikuwa wa kiwandani, Mama alikuwa mchumaji. Sisi ni Wakisii, na katika safu yetu ya nyumba kulikuwa na Wajaluo, Waluhya na Wakipsigis, na watoto wote tuliongea Kiswahili ambacho mwalimu wetu alikuwa akikisikia anashika kichwa. Mtakumbuka zile aproni za nailoni zilizoanikwa mlangoni zikidondosha maji, na vikapu vilivyopangwa ukutani, na ule mvuke wa majani yanayokaushwa kiwandani uliokuwa ukishuka jioni hadi kwenye ugali. Siku hizi nasikia mashine ndizo zinazochuma. Wakati ule ilikuwa mikono, na mmoja wa mikono iliyosifiwa kwa wepesi ulikuwa wa jirani yetu, Mama Akoth.

Nyuma ya safu ya mwisho ulikuwepo ua wa saiprasi uliokuwa mnene kama ukuta, wenye tundu moja ambalo mtoto aliweza kupita akiinama. Ndani yake ndiko tulikokuwa na kanisa. Mchungaji nilikuwa mimi. Si kwa utakatifu. Nilikuwa na sauti kubwa tu, na nyumbani walikuwa wamechoka nayo. Mimbari ilikuwa sanduku la mbao, kitabu cha neno kilikuwa daftari la hesabu lililojaa, na meza ya Bwana ilikuwa ugali wa jana na maji ya sukari. Sadaka ilikuwa majani ya chai, mawili na chipukizi. Aliyeleta jani la tatu lililokomaa nilimrudisha akachume upya, kwa sababu niliamini hata mbinguni kuna karani wa mizani.

Kilichotuvuta watoto zaidi kilikuwa kuungama. Kanisa letu la kweli, lile la watu wazima, lilikuwa la waliookoka, na kila Jumapili watu walisimama hadharani wakataja dhambi zao kwa majina, wakilia. Sisi tulisimama vilevile, lakini kwa kuwa dhambi zetu zilikuwa ndogo, tulijitungia kubwa. Kiprono, mtoto wa nyapara, alikuwa anachoma kiwanda kila Jumamosi. Mwingine alikuwa na wake watano Chepilat. Nilikuwa nimeweka sheria mbili. Ya kwanza, hakuna kucheka. Ya pili, lililosemwa ndani ya ua linabaki ndani ya ua, na atakayelitoa anafukuzwa kanisani na hakuna atakayecheza naye tena. Sheria hizo nilizitunga mimi mwenyewe, nikiwa nimesimama juu ya sanduku, na niliwafanya wote waape.

Akoth alikuwa wa umri wangu. Alikaa karibu na tundu, aliitikia nyimbo vizuri, na hakuwahi kuungama. Nilikuwa nimeanza kumwonea hasira kidogo kwa hilo, kwa sababu mchungaji hupenda waumini wanaolia. Basi alasiri moja, nilipouliza nani ana neno, akasimama. Hakulia. Alikuwa akikunja na kukunjua ncha ya sweta yake.

"Mimi dhambi yangu ni ya mama," akasema. "Kila asubuhi wakiita majina, mama anaitika jina ya Consolata. Consolata ni dada yake mkubwa. Alikuwa anachuma hapa, akarudi nyumbani mgonjwa, akakufa. Mama alipokuja, akaingia kwa hiyo jina na hiyo nyumba. Wanaita Consolata, anasema niko. Mimi naogopa. Ukiitika jina ya mtu amekufa kila siku, si na wewe utakufa?"

Hakuna aliyecheka, na safari hii si kwa ajili ya sheria. Nilishuka kwenye sanduku nikamwekea mkono kichwani. Nilimwambia amesamehewa, na mama yake amesamehewa, na kwamba neno hilo liko ndani ya ua. Akaketi, akavuta pumzi, akaimba sehemu yake kwa sauti ambayo sikuwa nimewahi kuisikia kwake. Nilijiona mchungaji wa kweli siku hiyo. Ninaona haya kusema jinsi nilivyofurahi, kwa sababu kilichonifurahisha ni kwamba mimi ndiye aliyeambiwa.

Baada ya siku chache ikaja mvua ya mawe. Mnazijua zile za kwetu. Asubuhi jua, saa nane mbingu nyeusi, na kabla hujaingiza nguo mabati yanapigwa mpaka hamsikiani nyumbani. Ilipoisha, chai yote ya upande wetu ilikuwa imechanwachanwa, na harufu ya majani mabichi yaliyopondwa ikafunika laini nzima kwa siku mbili. Kazi ya kuchuma ikasimama. Kina mama walikaa nje mchana wakisukana, na jambo hilo, la kumkuta mama yangu nyumbani mchana, lilinitisha kuliko ile mvua. Walizungumza kwa sauti za chini. Baba akaanza kupima unga kwa macho kabla ya kusonga ugali.

Jumapili iliyofuata mchungaji, yule wa kweli, alihubiri kwa nguvu. Alituambia kisa cha mtu wa zamani aliyeficha kitu cha wizi chini ya hema lake, watu wote wakapata mapigo kwa ajili yake. Akapiga meza. Akauliza nani katikati yetu ameficha. Akasema mawe hayaanguki bure, na kama kuna dhambi iliyofichwa katika laini hizi itolewe leo ili chai ichipuke. Watu wakasema amina. Mama yangu alisema amina. Mama Akoth, aliyeketi safu ya mbele yetu na kitambaa chake cheupe, alisema amina pia.

Mimi nilikuwa najua. Katika kanisa lote lile, niliwaza, watu wazima wanatafuta jambo ambalo wamelikosa, na mimi ninalo. Sikujiuliza mara mbili kuhusu sheria yangu. Niliona kwamba ile yetu ilikuwa michezo ya watoto na hili lilikuwa kanisa lenyewe, na mchungaji mkubwa amemuuliza mchungaji mdogo. Ningependa kusema nilifanya hivyo kwa ajili ya chai na kwa ajili ya unga wetu tu. Sehemu kubwa ilikuwa hivyo. Lakini kulikuwa na sehemu nyingine, na ninaikumbuka vizuri zaidi: nilitaka vichwa vyote vigeuke viniangalie.

Wakati wa ushuhuda nikasimama.

"Bwana asifiwe," nikasema.

"Asifiwe," wakaitikia, wengine wakitabasamu kwa sababu nilikuwa mdogo.

"Mama Akoth haitwi Consolata. Consolata alikufa. Anaitika jina ya mtu amekufa ndio tukaletewa mawe."

Vichwa havikugeuka. Hilo ndilo nililolikumbuka usiku na mchana baadaye. Nilitarajia washtuke, mtu aseme kweli, mtu alie. Badala yake waliangalia chini, wote kwa pamoja, kana kwamba nimevua nguo. Mzee Koske, nyapara wetu na baba yake Kiprono, ambaye ndiye aliyekuwa akiita majina kila asubuhi, alikuwa mzee wa kanisa na alikuwa ameshika kapu la sadaka. Akaendelea kulishika. Mtu mmoja peke yake ndiye aliyeinua uso, naye alikuwa karani mpya wa ofisi, kijana aliyekuwa amehamishwa kutoka Londiani mwezi huo, ambaye hakuwa anajua lolote. Bibi mmoja wa nyuma akaanzisha wimbo kwa haraka, watu wakauimba mpaka mwisho.

Mama hakunipiga. Alifunga mlango wa nyumba akakaa kwenye kitanda na kiatu kimoja mguuni.

"Nani alikutuma?" akauliza.

"Hakuna mtu. Mchungaji amesema tutoe."

"Ile ni mahubiri, Kerubo."

"Sasa si ni kweli?"

"Ni kweli ya kanisa. Watu wanasikia, wanasema amina, wanaenda nyumbani kupika."

Sikuelewa. Nikamuuliza kama alikuwa anajua habari ya Consolata. Akanitazama, na nikaona amechoka nami kwa namna ambayo sikuwahi kuiona.

"Kila mtu hapa anajua. Koske mwenyewe ndiye alimwambia aitike hiyo jina. Alimwambia, mama, wewe uko na watoto na unajua kazi, na kitabu haioni uso. Miaka yote hiyo tumenyamaza. Sasa umesema mbele ya karani. Koske afanye nini? Aseme na yeye alikuwa anadanganya?"

Leo ninalifundisha jambo hilo kwa maneno marefu na ubao mweupe. Siku ile nililijua tumboni tu. Laini nzima ilikuwa ndani ya mchezo mmoja mkubwa, uliochezwa kila asubuhi kwa sauti moja na neno moja, na sheria yake ilikuwa moja: usiseme. Mama Akoth alikuwa akidanganya kitabu, na waliosimama pembeni yake wakauona udanganyifu huo wakaufunika, kwa sababu alikuwa maskini mwenzao, alichuma kwa haki na alilea watoto wake. Sikuwa nimefichua siri. Niliwalazimisha watu wazuri waliokuwa wakifumba macho wayafumbue.

Jumatatu kulikuwa na ukungu. Njia yetu ya shule ilipita kando ya uwanja ambapo wachumaji walisimama kuitwa kwa ajili ya kazi ya kupalilia, na mimi nilienda polepole kwa makusudi. Karani mpya alikuwa amesimama kando ya Mzee Koske. Koske alikuwa akisoma majina kwa sauti ile ile ya siku zote, na kila jina likipata jibu lake. Akafika.

"Consolata."

"Niko," Mama Akoth akasema.

Mzee Koske hakuweka alama. Aliliangalia jina kwenye kitabu, kisha akaliita tena, chini zaidi, na pole zaidi, kama mtu anayemwomba mwenzake jambo.

"Consolata."

Nilimwona Mama Akoth akifungua mdomo. Kisha nikaona ameelewa. Akaufunga. Mzee Koske akasubiri kwa muda ule ule anaosubiriwa mtu ambaye hakuja, hakupunguza wala kuzidisha.

"Hayuko," akasema, akaandika, akaita jina lililofuata.

Hapo ndipo Mama Akoth alipoinama akaweka jembe chini. Akavua aproni, akaikunja vizuri mara mbili, akaiweka juu ya jembe. Hakuna aliyemsukuma, hakuna aliyemwita mwizi. Nadhani Mzee Koske alikuwa amekesha akitafuta njia ya kumtoa bila neno hilo. Majina yakaendelea. Wanawake waliopanga mstari naye kwa miaka walikuwa wakitazama mbele na kuitika, niko, niko, na mama yangu alikuwa mmoja wao. Karani alipomuuliza pembeni jina lake ni nani basi, akalitaja, Perez Atieno, na nikagundua kwamba mimi niliyejifanya kumjua sana sikuwahi kulisikia.

Alipewa hadi mwisho wa wiki kuihama nyumba. Mimi nilikuwa nikisubiri mtu anipige, au anitukane, au hata anisifu kama nilivyotarajia ile Jumapili asubuhi. Watu wazima walinisalimu kama kawaida, na hilo lilikuwa baya zaidi. Watoto nao hawakuniambia neno. Nilipofika kwenye tundu la ua, mmoja alikumbuka ametumwa chumvi, mwingine akakumbuka ndama, na ndani ya dakika nilikuwa nimebaki na sanduku. Walikuwa wakifuata sheria yangu ya pili, na waliifuata vizuri. Akoth sikumwona wiki nzima. Nilipita mbali na mlango wao, na nilipokwenda kwenye mfereji wa maji nilihakikisha kwanza kwamba hayuko. Ninataka mjue kwamba nilifanya hivyo, kwa sababu nilipokuwa mkubwa nilianza kujisimulia kwamba nilimtafuta.

Chai haikuchipuka upesi kwa ajili ya ungamo langu. Ilichipuka wakati wake, wiki zake zilipotimia, kama inavyochipuka kila mwaka baada ya mawe. Hata hilo nililiona kama dharau.

Jumamosi asubuhi pikapu ya mtu wa Sondu ilikuja kuchukua vitu vyao. Laini yote ilitoka kubeba. Mama alimpa Mama Akoth blanketi letu jipya, na wawili hao walishikana mikono. Mimi nilikuwa nyuma ya choo nikichungulia. Nikasikia jina langu.

"Kerubo. Kuja."

Ilikuwa sauti ya Akoth. Alikuwa amevaa nguo ya kanisani na viatu vya kaka yake. Nyuma yake walikuwa watoto wote, hata Kiprono, ambaye alikuwa hajatoka nyumbani tangu siku ile.

"Tunaenda kanisa," akasema. "Leo mimi ndiye mchungaji."

Tuliinama tukapita kwenye tundu mmoja mmoja. Akapanda juu ya sanduku. Alifanya kila kitu sawasawa, wimbo, neno, sadaka. Alikuwa amenitazama miaka yote na hakusahau kitu. Halafu akauliza nani ana la kuungama. Kiprono akasimama akasema kwamba alichoma kiwanda Jumamosi iliyopita, akasamehewa, akaketi. Mwingine akaongeza mke wa sita. Hakuna aliyecheka.

"Kerubo," Akoth akasema.

Nikasimama. Kwa mbali nilisikia kitanda chao cha chuma kikipandishwa kwenye pikapu. Kila mtoto aliyekaa pale alijua neno lililotakiwa kutoka kinywani mwangu. Nililijua pia. Lilikuwa fupi, na pale ndipo mahali pekee duniani ambapo ningeweza kulisema bila mtu kunifanya chochote. Akoth aliningoja bila hasira. Alikuwa amekuja kunipa nafasi, na hadi leo sijui mtoto wa darasa la nne aliitoa wapi roho ya namna hiyo.

"Mimi niliiba lori ya majani," nikasema. "Nikaiuza Nakuru."

Hakuna aliyecheka.

"Hakuna ingine?" Akoth akauliza.

"Hakuna."

Akashuka, akaniwekea mkono kichwani, akauacha hapo muda mrefu kuliko nilivyokuwa nikiwawekea wengine, akisubiri. Kisha akasema, "Umesamehewa, na haitatoka hapa," akatufungia kanisa kwa sala, akaenda kupanda pikapu.